Ncoolo Madhabahuni

Ifahamike kwa watu wote, wa karibu na wa mbali, wanaosikia na wanaojifanya viziwi, kwamba boma la Mzee Muthamia wa Kiirua limetengwa na ulimwengu na kuwekwa wakfu kwa Mwenyezi, na kwamba tangu siku ya leo havitaingia humo pombe, sigara, miraa, redio, picha za ukutani, nywele za kusukwa, wala Karimi.

Tangazo hilo liliandikwa kwa rangi nyeupe juu ya kipande cha bati na kupigiliwa misumari langoni. Mzee Muthamia alilisoma mwenyewe kwa sauti ya mimbari, amevaa kanzu nyeupe ya Kanisa la Safina ya Utakaso, mkewe na binti yake mdogo wamesimama mbele yake kama askari wa gwaride. Alipofika pale penye "wala Karimi," upepo wa Kiirua, ambao haujawahi kuheshimu mzee yeyote, ukang'oa msumari wa kushoto. Bati likazunguka, likaning'inia kichwa chini, na upande wake wa nyuma ukajianika mbele ya kila anayepita barabara ya Nanyuki: BIA BARIDI NA NYAMA CHOMA, KARIBUNI.

Nelius alicheka. Alijaribu kukigeuza kicheko kiwe kikohozi, halafu akajaribu kukigeuza kikohozi kiwe amina, lakini baba yake hakudanganyika. Siku hiyo binti alilala njaa kwa jina la Bwana.

Huyu Nelius alikuwa na miaka kumi na sita, kidato cha tatu katika shule moja ya bweni ya wasichana huko Embu, na walimu wake walikuwa wamekwisha kukata tamaa naye. Aliwahi kusimama nyuma ya dirisha la ofisi na kutangaza, kwa sauti ya naibu wa mwalimu mkuu kabisa, kwamba serikali imepiga githeri marufuku kote nchini na wanafunzi waende wakapumzike hadi chakula kingine kitakapopatikana. Nusu ya shule ilikwenda ikalala. Nelius akafyeka nyasi za uwanja wa mpira mpaka viganja vikaota malengelenge, na hakujuta.

Lakini kicheko cha pale langoni hakikuwa cha furaha. Kilikuwa kama mvuke unaoinua kifuniko cha sufuria. Chini yake kitu kilikuwa kinatokota, na kilikuwa kimetokota tangu siku ile dada yake Karimi alipoondoka.

Kosa la Karimi lilikuwa nini? Alimpenda mtu. Na mtu mwenyewe, Runji, hakuwa mlevi wala mwizi. Alikuwa mkulima wa miraa huko Kangeta, nchi ya Igembe, mwenye pikapu yake, mtu mpole aliyekuwa akivua kofia hata anapowasalimu watoto. Karimi alikuwa karani katika ofisi moja mjini Maua, na hapo ndipo walipojuana. Kwa watu wa Igembe, mchumba haombwi kwa maneno matupu. Wazee wa kijana hufunga ncoolo, kitita cha miraa teule iliyochumwa kwenye miti ya kale, wakaifunika kwa majani ya mgomba na kuifunga kwa kamba ya mgomba huohuo. Baba wa binti akiipokea kwa mikono miwili na kuifungua kwa mkono wake, basi amekubali, na mazungumzo ya mahari yanaanza. Asipoipokea, hakuna mahari, hakuna arusi, hakuna wakwe.

Mzee Muthamia aliyajua hayo vizuri kuliko wengi. Wazee wake mwenyewe walibeba ncoolo mpaka Igembe kumwombea Gacheri, mama yao Nelius, na Gacheri hakupatikana kwa njia nyingine. Lakini hiyo ilikuwa kabla ya kanzu nyeupe. Wazee wa Kangeta walipofika Kiirua wakiongozwa na Mzee Njura, ami yake Runji, Muthamia aliitazama ncoolo iliyowekwa juu ya kigoda, akarudi nyuma hatua kadhaa kama mpiga penalti, akaipiga teke. Ncoolo ikaruka ua, ikaangukia zizi la mbuzi.

Mbuzi hawakulala usiku ule. Walikesha wakijadiliana kwa sauti kubwa, na Muthamia naye akakesha akiwakemea mapepo yaliyomo ndani yao. Kufikia siku ya tatu kijiji kizima kilikuwa kinacheka. Nelius hakucheka, maana alipoelezwa habari hiyo aliporudi kutoka shuleni, alielezwa pia mwisho wake. Karimi alikuwa amesimama mlangoni na sinia ya chai ya wageni. Baba yake alimwambia aiweke chini na aondoke na nguo alizovaa. Aliiweka chini. Hakumwaga hata tone.

Halafu ikaja sheria ya jina. Tangu Karimi azaliwe, mama yao aliitwa Mama Karimi, na hakuna aliyemwita vinginevyo, sokoni, shambani wala kisimani. Muthamia akaamuru kwamba kuanzia sasa ni Mama Nelius.

"Mama Nelius, leta maji," alikuwa akisema mezani, akilikanyagia jina hilo kama mtu anayesindilia udongo juu ya kaburi.

Na mama alileta maji. Hilo ndilo lililomkereketa Nelius kuliko yote. Alileta maji! Nelius alijiona amevishwa nguo ya maiti ambaye bado anapumua. Sokoni wanawake waliendelea kumwita Mama Karimi, na mama alikuwa akigeuka upesi, akiangalia kwanza kama mumewe yupo, ndipo aitikie.

Sasa shule zilifungwa mwezi wa nane, mwaka wa tisini na moja, na Nelius akafanya jambo ambalo kwa kipimo chake lilikuwa dogo: badala ya kwenda moja kwa moja nyumbani alipitia Kangeta kumwona dada yake. Alimkuta uani kwa Runji anaanika nguo, amevaa gauni pana, tumbo limetangulia.

"Karimi!"

"Funga mdomo, inzi wataingia," Karimi akasema. Kisha akamkumbatia kwa upande, maana kwa mbele haikuwezekana tena.

Walikaa jikoni. Runji aliwaachia nafasi, akaenda kwenye pikapu yake. Karimi alichambua maharagwe huku akisema pole pole. Mtoto angezaliwa karibu na mwisho wa mwezi. Mama alikuwa ametuma habari kupitia kwa mwanamke mmoja wa sokoni kwamba hawezi kuja. Baba amemkataza, na hata asingemkataza, mama wa binti hakanyagi kwa wakwe kabla ncoolo haijapokelewa. Hivyo kanisa na mila, ambavyo havijapatana siku hata moja, vilipatana juu ya jambo hilo moja tu: Karimi azae peke yake.

"Kwa hivyo nani atakukorogea uji? Nani ataosha mtoto?"

"Kuna shangazi yake Runji."

"Shangazi yake Runji si Mama."

"Najua si Mama, Nelius. Unafikiri sijui?"

Ilikuwa mara ya kwanza sauti yake kupanda. Maharagwe yakatulia kwenye ungo. Nelius akahisi kitu kile kinachotokota kimefika shingoni.

"Huyo mzee anahitaji kufundishwa," akasema. "Siku moja. Mbele ya watu."

Karimi akauweka ungo chini. "Nakujua wewe. Usiliguse hili jambo."

"Mimi? Mimi ni mtoto wa kanisa."

"Sicheki. Baba akikubali, akubali mwenyewe, kwa moyo wake. Sitaki kutolewa kwa hila kama mbuzi wa wizi. Niahidi."

Nelius akainuka, akasimama mlangoni, akaahidi. Aliahidi huku akitazama nje, ambapo Mzee Njura alikuwa anapita kuelekea sokoni na fimbo yake.

Hapa inafaa kueleza, kwa heshima zote zinazostahili, jinsi Kanisa la Safina ya Utakaso lilivyokuwa likipokea mavuno. Mara moja kwa mwaka waumini walileta madhabahuni walichovuna: viazi, vitunguu, kabichi, nduma, jogoo aliyefungwa miguu. Mzee wa kanisa alisimama mbele, akapokea kila zawadi kwa mikono miwili na kutamka, "Nimepokea. Mimi na nyumba yangu tumepokea." Kisha, kama ilikuwa imefungwa, aliifungua mwenyewe ili Bwana aone, na kitu kikishafunguliwa hapo hakirudi nyumbani kwa aliyekileta. Mzee wa kanisa huyo alikuwa Muthamia. Maneno hayo yalikuwa yake pia. Aliyatunga akayapenda mno.

Nelius alikuwa ameyasikia maneno hayo tangu utotoni bila kuyajali. Safari hii, akiwa bado amesimama kwenye mlango wa jiko la Karimi, yalimrudia, akaona kwamba baba yake alikuwa amejijengea mtego na kuutega mwenyewe, na kwamba ulikuwa unangoja kitu kimoja tu cha kuweka ndani.

Alimkuta Mzee Njura chini ya turubai lake sokoni, akipanga vichala vya miraa kwa vidole vya mtu anayesuka ukili. Nelius alimsalimu kwa kupiga goti kidogo, akainamisha kichwa, akavaa uso wa ibada ya Jumapili.

"Mzee, nimetumwa na baba. Amelainika."

"Nani? Muthamia? Yule aliyepiga ncoolo teke?"

"Mguu ule umetubu."

Njura akamtazama kwa jicho moja. Nelius hakupepesa. Akasema baba yake anaona haya kuja mwenyewe. Kwamba angependa kuwapokea kanisani siku ya mavuno, mbele ya watu wake, kwa sababu mambo yake yote siku hizi huyafanya mbele ya watu wake. Wachukue ncoolo ndani ya kiondo, waifunike kwa kitambaa cheupe kwa heshima ya mahali penyewe. Atasema, "Nimepokea. Mimi na nyumba yangu tumepokea." Atafungua kwa mkono wake.

"Atasema hivyo?"

"Neno kwa neno."

Mzee Njura alivua kofia. Macho yake yalikuwa na unyevu ambao Nelius alijitahidi kutouona. "Mwambie baba yako," akasema, "mimi sina kinyongo. Mambo ya vijana hawa yamenikosesha usingizi. Mwambie tutakuja tumevaa vizuri."

Nyumbani mambo yalikuwa rahisi zaidi. Nelius alingoja baba yake amalize kula, akamwambia kwamba kwenye stendi ya Meru alikutana na wazee wa Igembe waliosikia sifa za mahubiri yake. Wanataka kuleta mavuno yao Kiirua. Pengine wameguswa.

"Igembe!" Muthamia akasimama, kiti kikaanguka. "Nilijua! Miaka yote hii nawaombea wale watu wa miraa. Mama Nelius, umesikia? Ukoo wako huo unaokolewa!"

"Nimesikia," mama akasema, na akamtazama Nelius kwa namna ambayo haikumpendeza Nelius hata kidogo.

Wiki hiyo baba alitembea kama aliyeongezewa kimo. Alitengeneza bati la langoni kwa misumari mipya. Alifua kanzu yake mwenyewe. Alifanya mazoezi ya hotuba yake zizini, mbele ya mbuzi walewale. Na Nelius, ambaye alipaswa kufurahi, kila alipomwona hivyo alizidi kukasirika. Mbona kwa watu asiowajua ana moyo mpana hivi? Mbona wageni wa stendi wanafuliwa kanzu, na Karimi anaandikwa kwenye bati kati ya nywele na hewa tupu? Usiku alilala akiuona uso wa baba yake pale kitita kitakapofunguka. Alitaka uanguke mbele ya watu wote, na alitaka kuwa karibu.

Jumapili ya mavuno ikafika. Kanisa la mabati lilijaa kanzu nyeupe mpaka nje. Mbele, kando ya madhabahu, aliketi askofu wao, mzee mnene aliyekuwa akisinzia akiwa wima kwenye kiti. Viazi vilipokelewa, vitunguu vikapokelewa, jogoo akapokelewa akajisaidia juu ya zulia. Halafu mlango ukatiwa giza na wazee wanne wa Kangeta. Walikuwa wamevaa makoti mazito ya sikukuu na kofia za kitambaa, na Mzee Njura, aliyekuwa mbele, alikuwa amebeba kiondo kikubwa kilichofunikwa kitambaa cheupe chenye maua ya kudariziwa.

Muthamia, ambaye siku ile ya teke aliitazama ncoolo bila kuzitazama nyuso za walioileta, alinyoosha mikono yote miwili hata kabla hawajafika.

"Watu wa Mungu!" akanguruma. "Hawa mnaowaona wametoka Igembe! Wametoka kwenye nchi ya majani ya kutafuna, nchi iliyofungwa na giza, na leo wameleta mavuno yao katika nuru! Na mimi nasema mbele yenu, mbele ya askofu, mbele ya mbingu: nimepokea! Mimi na nyumba yangu tumepokea!"

"Amina!" kanisa likajibu.

Mzee Njura naye akasema amina, akamwekea kiondo mikononi. Muthamia akakibeba mpaka madhabahuni, akaondoa kitambaa. Majani ya mgomba. Akatabasamu, akidhani ni nduma. Akavuta kamba kwa vidole vyake mwenyewe, akafunua.

Harufu ndiyo iliyotangulia, ile harufu mbichi ambayo hakuna mtu wa Meru anayehitaji kuulizia ni ya nini. Kisha vijiti vyenyewe, virefu, vyekundu kwenye ncha, vimepangwa kwa unadhifu wa kupendeza, juu ya madhabahu ya Safina ya Utakaso. Kule nyuma mwanamke mmoja mzee, mazoea yakamshinda imani, akapiga kigelegele cha uchumba. Alikikata katikati kwa kiganja.

"Muga, muthoni!" Mzee Njura akasema kwa furaha, akimsalimu Muthamia kama mkwe amsalimuvyo mkwe, mkono umenyooshwa. "Mungu akubariki. Leo umetutoa aibu."

Nelius alikuwa amebana kitambaa cha kichwa katikati ya meno. Aliuona uso ukianguka. Ulianguka vizuri kuliko alivyoota: kwanza nyusi, kisha mashavu, halafu mdomo ukabaki wazi bila neno, yeye ambaye hajawahi kukosa neno. Askofu aliamka akauliza ni nini. Watu wakasimama juu ya viti ili waone. Na kwa muda mfupi, mfupi mno, Nelius alikuwa mtu mwenye furaha kuliko wote Mlima Kenya mzima.

Muthamia hakuupokea mkono wa Njura. Aligeuka taratibu upande wa wanawake.

"Gacheri," akasema.

Hakumwita Mama Nelius. Hakumwita Mama Karimi. Alimwita kwa jina la usichana wake, mbele ya kanisa zima, kama mtu anayemwita mbwa.

"Gacheri, ni wewe. Wewe ni wa Igembe. Wewe unajua mambo haya. Umeleta uchawi wa kwenu mpaka madhabahuni?"

Mama alisimama. Alimtazama mumewe, akaitazama ncoolo, halafu akageuza macho yake pole pole mpaka yakamfikia Nelius na kile kitambaa katikati ya meno. Alikitazama kitambaa hicho. Alielewa.

"Ndiyo," mama akasema. "Ni mimi."

"Vua kitambaa cheupe. Toka. Nenda kwa watu wa ncoolo yako, na usilikaribie lango langu."

Mama akafungua kitambaa chake, akakikunja mara mbili, akakiweka juu ya benchi, na akaanza kutembea kuelekea mlangoni. Alipita karibu kabisa na Nelius.

Huu ulikuwa wakati wa kusema. Ulimi ule uliokuwa umefuta githeri, ulioutubisha mguu wa mzee, uliowaokoa watu wa Igembe nzima kwenye stendi ya Meru, ulilala kinywani kama gogo. Nelius alimwona mama yake akipita, akaona mstari mweupe kwenye paji la uso mahali kitambaa kilipokuwa kimebana, na hakusema kitu. Alikuwa anaogopa. Alikuwa hajui kama anajua kuogopa.

Ni Mzee Njura aliyesema, na hakusema kwa ubaya. Alikuwa amechanganyikiwa tu.

"Subirini. Mama huyu hatujamwona tangu mwaka jana. Aliyetuletea maneno yako, Muthamia, ni binti yako huyu hapa. Alisema umemtuma. Alitwambia mpaka maneno utakayoyasema."

Kanisa lote likageuka. Nelius akatoa kitambaa mdomoni. Kilikuwa kimelowa.

"Ni mimi," akasema.

"Sauti!" mtu akapiga kelele kutoka nyuma.

"Ni mimi! Niliwadanganya wao, na nikakudanganya wewe, Baba. Mama hakujua." Na kwa kuwa mlango ulikuwa umekwisha kufunguka, yaliyobaki yakamwagika yenyewe. "Lakini umepokea! Kila mtu amesikia! Kwa mikono miwili, na umefungua mwenyewe! Sheria yako inasema hairudi na ya kwao inasema hairudi. Karimi ameposwa! Utafanya nini sasa? Utaipiga teke hapo hapo madhabahuni?"

Alitarajia kofi. Badala yake aliona uso wa baba yake ukijikusanya upya, kipande kwa kipande, na kilichorudi juu yake kilikuwa ni nafuu. Mtu aliyetegwa hana lawama.

"Mmesikia!" Muthamia akawaambia watu, mikono imepanuliwa. "Nimedanganywa! Sikupokea mimi, uongo ndio uliopokea!"

Na lililo baya zaidi, Mzee Njura alitikisa kichwa kukubali. Alipanda madhabahuni, akaanza kuifunga tena ncoolo, jani juu ya jani.

"Mzee, usichukue!" Nelius akasema. "Ameshasema kwa kinywa chake!"

"Alisema juu ya kitu asichokiona. Sisi hatuibi wakwe, msichana." Akaifunika kwa kitambaa cheupe. "Ningalikuwa najua, nisingalipita mlango huu."

Nje, mama alikuwa amekwisha fika kwenye pikapu ya wazee na kushika ubao wa nyuma. Muthamia alimfuata mpaka kizingitini, na kwa wema mkubwa, wema wa kusikika na watu wote, akamwita.

"Mama Nelius, umesafishwa. Rudi ndani."

"Umesema niende."

"Nilikosea. Ni huyu mtoto."

"Hukunikosea leo tu, Baba Karimi," mama akasema.

Muthamia akapandisha sauti. "Unaenda kwa nani? Kwa wakwe? Ncoolo imerudi na wenyewe! Wewe unayejua sana mila, unaenda kama nani?"

"Kama mtu anayekwenda kukoroga uji. Uji wa mzazi haungoji wazee." Akapanda. Kisha, bila kumtazama, "Nelius, panda."

"Mama, mimi..."

"Panda. Utamwambia dada yako wewe mwenyewe. Mimi sitakusemea tena."

Walisafiri nyuma ya pikapu, migongo imeegemea kibanda cha dereva, mama upande huu, Nelius upande ule, Mzee Njura katikati na kiondo magotini. Vumbi la barabara liliwapaka wote rangi moja. Nelius alitayarisha utetezi wake kama wakili. Kwanza, nia ilikuwa njema. Pili, mshtakiwa ni mtoto. Tatu, chanzo cha yote ni Mzee Muthamia. Alikuwa kwenye hoja ya nne Mzee Njura alipofungua mdomo kwa mara ya kwanza.

"Koti hili," akasema, akipangusa ukosi, "nililivaa mara ya mwisho nilipooa."

Aliendelea kupangusa ukosi mpaka Kangeta. Nelius alitafuta hoja zake, hakuziona tena.

Karimi alikuwa uani. Alisikia pikapu, akatoka akijipangusa mikono kwenye gauni, akamwona mama yake anashuka kichwa wazi, vumbi tupu. Alitoa sauti ambayo haikuwa neno. Akaja mbio, kwa kiasi mtu mwenye tumbo kama lile anavyoweza kuja mbio, wakashikana. Runji alisimama mlangoni na kofia mkononi.

Kisha Karimi akainua kichwa kutoka begani kwa mama. Akakiona kiondo na kitambaa cheupe. Akawaona wazee na makoti yao. Uso wake ukawaka wote, akachungulia ndani ya kibanda cha dereva, kana kwamba kulikuwa na mtu mwingine aliyebaki kushuka.

"Baba amekubali? Mama, Baba amepokea?"

Mama alimwachia taratibu, akasogea kando, akampisha Nelius.

"Hapana," Nelius akasema. "Hakukubali. Nilimwambia Mzee Njura kwamba Baba amenituma, na nikamwambia Baba kwamba wazee wameokoka. Akafungua ncoolo madhabahuni bila kujua. Imerudi. Mama amefukuzwa kwa ajili yangu, na nilinyamaza mpaka nikatajwa."

"Nilikukataza," Karimi akasema. Uso ule uliowaka ulikuwa unazimika, na Nelius alilazimika kuutazama ukizimika wote. "Uliniahidi. Ulisimama hapa."

"Uliniambia nisifanye, nikafanya."

"Kwa ajili yangu?"

Angeweza kusema ndiyo. Neno lilikuwepo, jepesi, na hakuna ambaye angembishia. Nelius alifungua mdomo kulisema.

"Hapana, dada," akasema. "Nilitaka kumwona akiaibika. Nilimkasirikia mpaka nikakusahau."